Uniti 75 za mama: tulianza na fomu, ikabidi turudi kwenye friji

Mama yangu anakaa Ngamiani hapa Tanga, kwenye nyumba ile ile aliyotulelea, nyumba ya Kiswahili ya zamani, ukumbi katikati vyumba huku na huku, kibaraza mbele, uani nyuma, na bati ambalo chumvi ya bahari imeshalila kona zote. Anaishi na wajukuu wawili na mpangaji mmoja, binti mwalimu. Asubuhi anakaanga vitumbua uani kwa mkaa, mchana anapumzika, jioni yuko kibarazani na mashoga zake. Maisha yake siyo ya kutumia umeme mwingi kabisa, na hilo ndo lilitufanya tusishtuke mapema.

Januari ya mwaka jana, kaskazi imepamba moto, akanipigia saa tatu usiku. Anasema mwanangu umeme umekata na wiki iliyopita nimeweka elfu ishirini. Nikamrushia hela, nikanunua, nikamsomea zile namba ishirini moja moja akabonyeza kwenye rimoti, taa zikawaka. Baada ya siku kumi na moja akapiga tena. Hapo ndo akaniambia kitu ambacho kumbe kilikuwa kinamuumiza muda mrefu, kwamba jirani yake wa ukuta kwa ukuta ananunua umeme wa 9,150 na anapata uniti 75, mwezi mzima unaisha hajanunua tena, na yeye mama alikuwa anamfikiria yule jirani vibaya kwamba labda kachezea mita.

Jirani hakuchezea kitu. Ni vile yeye yuko D1 na mama yuko T1, na watu wengi sana mitaani kwetu hawajui kama hizi ni bei mbili tofauti za umeme ule ule kwenye nguzo ile ile. Bei zenyewe EWURA, ile mamlaka inayodhibiti nishati na maji, iliziweka tangu Aprili 2016. D1 ni ya majumbani kwa wenye matumizi madogo, uniti 75 za kwanza kwa mwezi kila moja shilingi 100, ukizidisha kila uniti ya juu yake ni 350. T1 ni shilingi 292 kuanzia uniti ya kwanza. Juu ya hapo unaongeza VAT asilimia 18, tozo ya REA, wakala wa umeme vijijini, asilimia 3 na ya EWURA asilimia 1, kwaiyo ile 100 inakuwa 122, na ile 292 inakuwa 356 na senti. Sasa zidisha 75 mara 122 ndo unapata 9,150 ya jirani, ukiacha kodi ya jengo ambayo ntaieleza mbele. Mama kwa uniti hizo hizo 75 angelipa elfu 26 na mia saba. Nilipomuonyesha kwenye karatasi alikaa kimya, alafu akasema "kumbe nimemsengenya mtu bure", kesho yake akampelekea vitumbua.

Kabla hatujaenda popote akatokea kijana mmoja mtaani, amevaa buti na ana bisibisi mfukoni, akamwambia mama kwa elfu hamsini anamhamisha D1 wiki hii hii, kuna mtu wake ndani. Mama alishaenda chumbani kufungua kanga kutoa hela, bahati mjukuu akanipigia. Hawa ndo vishoka. Nasema hili kwa uchungu kwasababu wanawalenga wazee wanaokaa peke yao, wanaanza na shikamoo bibi wanamalizia na hela ya dawa. Kuomba kubadilishiwa tarifu sisi hatukulipa hata senti moja, mwanzo mpaka mwisho, na mtu akikutajia bei ya kitu hicho mlangoni kwako we mfungie mlango.

Tukaenda ofisi ya TANESCO, shirika la umeme, mi na mama, Februari, tumevaa vizuri, na kitambulisho cha NIDA na risiti ya mwisho ya umeme. Dada wa dirishani alimpa mama kiti, akachukua namba ya mita, akafungua kompyuta akageuza kioo tuone wote. Manunuzi ya miezi sita, wastani uniti 148 kwa mwezi. Akasema mama, D1 ni ya wasiozidi 75, we uko karibu mara mbili, hata nikikuandikia ombi halitapita. Punguzeni kwanza, mkikaa miezi mitatu chini ya 75 rudini. Alafu akaangalia tena akasema na kitu kingine, mita hii iko kwa jina la mzee fulani, ndo nani? Ndo baba. Baba alifariki miaka mingi, na hakuna hata mmoja wetu aliyewahi kufikiria kwamba mita nayo ni ya kubadilishwa jina.

Tulirudi kimya kwenye bajaji. Mi nlikuwa nimeshamuahidi mama kwamba tunarudi na jibu.

Usiku dada yetu mkubwa akapiga. Yeye anakaa Marekani, Columbus, Ohio, miaka kumi na kitu sasa, na ndo anayetuma hela nyingi ya umeme. Nikamueleza nikitegemea atasema basi acheni ntaendelea kutuma. Akaanza kuniuliza maswali. Friji linakula ngapi? Sijui. Taa za nje zinawaka saa ngapi? Sijui. Sasa 148 zinaenda wapi? Sijui. Akasema unaomba nafuu ya kitu ambacho hujakipima.

Akanisimulia ya kwake. Kule serikali kuu ina mpango wa kusaidia kaya za kipato cha chini kupunguza gharama za nishati nyumbani, upo tangu mwaka 1976, kipato kisizidi mara mbili ya ule mstari wao wa umaskini, na hata mpangaji anaweza kuomba ila mwenye nyumba asaini. Yeye ni mpangaji. Akapeleka hati za mshahara, bili za mwaka mzima, kitambulisho, na saini ya mwenye nyumba ambayo aliifuata mara tatu. Zamu yake ilipofika hawakuja na vifaa, walikuja na mtu wa kupima tu. Wanafunga feni kubwa kwenye mlango wa mbele, kitambaa kimeziba pembeni pote, ile feni inavuta hewa ya ndani kutoa nje, na kila penye ufa hewa ya nje inaingia kwa nguvu unaisikia kwa mkono. Dada alikuwa analalamikia madirisha miaka yote, wakakuta baridi kubwa inashuka kutoka kwenye kifuniko cha darini na chini ya mlango wa nyuma. Wakaziba huko. Madirisha hawakugusa.

Alafu akanipa na mfano wa rafiki yake mwenye nyumba yake mwenyewe. Huyo alifuata njia ya pili, ile ya kupunguziwa kodi ya mapato, asilimia 30 ya gharama, ila kila kitu kilikuwa na dari lake, madirisha mwisho dola 600, hita pampu, mashine ya kupasha nyumba joto, mwisho dola 2,000, na kama hudaiwi kodi mwaka huo ulikuwa hurudishiwi kitu. Yule rafiki alinunua madirisha mazuri ya bei kubwa kwanza, masharti akasoma baadaye, akakuta yanatakiwa yale ya daraja la juu kabisa la Energy Star, nembo ya vitu visivyopoteza nishati, na yake hayamo. Hela imeenda. Na njia yenyewe baadaye ilikuja kusitishwa kwa chochote kitakachofungwa nyumbani baada ya tarehe 31 Desemba 2025, kwaiyo sasa hata akitaka kurudia amechelewa. Dada akasema mdogo wangu, huku na huko karatasi ni karatasi, pima kwanza, soma masharti, ndo utoe hela.

Nikaanza kupima. Vifaa vyangu vilikuwa daftari la mjukuu na mita ya LUKU, maana mita inakuonyesha uniti zilizobaki mpaka nukta, na hiyo inatosha. Kila baada ya Isha naandika, kila alfajiri mjukuu anaandika ananitumia. Ndani ya wiki moja tukaona kitu cha ajabu, usiku watu wamelala nyumba inakula karibu sawa na mchana. Yaani kuna kitu hakilali.

Jumapili moja nikaomba kila mtu anivumilie, tukazima kila kitu, feni, TV, chaja, ekstensheni ya mpangaji, tukabakiza friji peke yake kuanzia saa tatu asubuhi mpaka saa tisa alasiri. Mita ikatoka 31.4 ikaja 30.8. Pointi sita kwa masaa sita. Inaonekana kidogo ee? Fanya hesabu, kwa siku ni 2.4, kwa mwezi 72. Friji peke yake lilikuwa linakaribia kumaliza zile uniti 75 zote, bado hujawasha hata taa ya chooni.

Friji lenyewe ni la mtumba, milango miwili, kubwa, mjomba alilileta wakati ule wa harusi ya dada na mama alilipenda mno, mpaka kitambaa cha kufuma kalitandikia juu. Nilipoliangalia vizuri nikaona makosa yote kwa mkupuo. Lilikuwa limebanwa kwenye ukuta ambao upande wa pili, uani, ndo jiko la mkaa la vitumbua. Mgongo wake hauna hata pa kupitisha kiganja. Barafu juu imeganda unene wa ngumi. Na mpira wa mlango umekakamaa. Fundi friji wa karibu na soko la Mgandini alinifundisha kipimo ambacho sasa nakifanya kila nyumba nnayoingia, chukua noti, weka mlangoni, funga, alafu vuta. Ikigoma mpira ni mzima. Kwa mama noti ilitoka kama inatoka mfukoni. Maana yake ile kompresa ilikuwa inapambana na joto lote la Tanga linaloingia pembeni ya mlango, usiku na mchana, miaka.

Mpira mpya na ufundi elfu 35. Tukayeyusha barafu, tukafuta vumbi la nyuma, tukalihamishia ukumbini mbali na ukuta wa jiko, na nyuma tukaacha nafasi ya shubiri. Mama hakupenda friji kukaa ukumbini, wageni wataona, lakini alikubali. Jumapili iliyofuata tukarudia kipimo kile kile, masaa sita, pointi tatu. Nusu. Uniti 36 kwa mwezi badala ya 72. Nilipiga picha ya mita nikamtumia dada, kwao ilikuwa asubuhi mapema bado amelala, akajibu baadaye kwa kilio cha furaha.

Taa ilikuwa kazi nyepesi ila yenye mazungumzo marefu. Balbu zilikuwa zile za zamani za wati 60, na ya kibarazani mama haizimi, inawaka toka magharibi mpaka jua limetoka, masaa 12. Hiyo moja tu ni uniti 21 na kitu kwa mwezi. Nikamwambia tuizime saa nne. Akakataa kabisa, na sababu zake zilikuwa za kweli, yeye ni mjane, nyumba iko njiani, taa ya nje ndo mlinzi wake, na baba alimwachia neno kwamba mlango wa mbele usikae giza. Sikubishana. Tukaweka LED ya wati 7, inawaka masaa yale yale 12, inakula uniti mbili na nusu kwa mwezi. Zilizobaki zote tukabadilisha siku hiyo hiyo. Nataka kusema hapa kwamba nilikosea kuanza kwa kumuomba azime, ningeanza na balbu tusingepoteza wiki mbili za kununiana.

Mpangaji tulikaa naye vizuri. Alikuwa na jagi la umeme, anachemsha maji ya kuoga na ya chai na ya kunywa. Jagi la lita moja na nusu likijaa, ukichemsha mara saba umeshamaliza uniti nzima. Akakubali maji ya kuoga aache, na huku kwetu nani anaoga moto jamani, chai abaki nayo. Pasi tukaiwekea siku moja kwa wiki, nguo zote kwa pamoja. Tulifikiria pia kumtengea mita yake, lakini kuunganishiwa upya mjini hata ukiwa ndani ya mita 30 kutoka kwenye nguzo ni 320,960, hela hiyo hatukuwa nayo na kwa uniti zake chache isingelipa.

Sasa nije kwenye feni maana hapa ndo roho yangu ilipoumia.

Mwezi wa kwanza tulifika 88. Mwezi wa pili, Aprili, mita ikaanza kwenda vizuri kupita hesabu zangu, nikawa najisifu. Siku moja nikalala kwa mama, saa nane usiku nikaamka kwa joto nikasikia kimya, nikaingia chumbani kwake nikamkuta amekaa kitandani anajipepea na kipepeo cha ukili, kanga imelowa mgongoni. Feni imezimwa. Nikamuuliza umekata? Akasema hapana, nabana uniti, si umesema tusizidi. Ana presha yule mama. Alikuwa halali usiku wiki tatu ili namba yangu ya daftari iwe nzuri, na mi nilikuwa naona namba tu.

Niliiwasha feni palepale na nikamwambia mama feni haizimwi, tukishindwa D1 tushindwe. Feni ya kawaida ni wati 60 au 70, usiku mzima masaa kumi haifiki hata uniti moja. Hicho siyo kitu cha kumnyima mtu wa miaka 68. Wajukuu nao nikawaambia, mlinzi wa feni ya bibi ni nyie. Ukiwa na mzazi nyumbani na unaanza hizi habari za kubana matumizi, mwambie kabisa kwa mdomo nini hakiguswi, kwasababu wazee wetu wakisikia neno kubana wanaanza kujibana wao kwanza.

Tukatafuta pengine. TV ilikuwa inazimwa kwa rimoti tu na king'amuzi kinafuka moto usiku kucha, tukawa tunazima ukutani. Na kusi ilishaingia, usiku Tanga inapoa, friji nalo linapumzika zaidi. Mei tukaja 74. Juni 71. Julai 69.

Lakini hapa kuna mtego mmoja ambao ulituharibia mwezi mmoja mzima. Mfumo hauna jinsi ya kuona unachotumia ndani, unaona unachonunua. Aprili dada kwa mapenzi yake, akiwa amepata bonasi, akamnunulia mama umeme wa elfu 40 kwa mkupuo, uniti mia na zaidi zikasomeka za Aprili, ingawa nyumba ilitumia themanini tu na zilizobaki tukazivusha. Kwenye karatasi Aprili ikawa mwezi mbaya. Ndo maana hesabu yetu ya miezi mitatu ilibidi ianze Mei. Kama unatumiwa umeme na ndugu wa nje au watoto wako Dar kila mmoja ananunua kivyake, chagueni mtu mmoja, anunue kidogo kidogo ndani ya mwezi, na msirundike.

Wakati mita inapoa mi nlikuwa nashughulika na jina. Tukaanza serikali ya mtaa, mwenyekiti anamjua mama toka ujana, barua tukapata siku hiyo hiyo. Mirathi ya baba ilishafunguliwa zamani Mahakama ya Mwanzo, kaka alikuwa msimamizi, kaenda kutafuta ile barua ya usimamizi kwenye sanduku la bati, imeliwa na mende kona moja lakini muhuri unasomeka. Alafu jina la mama kwenye NIDA lina herufi moja zaidi ya lile la kwenye karatasi za mahakama. Herufi moja. Ikabidi hati ya kiapo kwa wakili kwamba majina yote mawili ni ya mtu mmoja. Safari zote hizi zilikula wiki tano, na kama tungejua tungeanza nazo Februari kabla ya kitu kingine chochote, maana uniti zinashuka zenyewe ukishafunga mpira wa friji lakini karatasi haitembei mpaka uitembeze.

Kuna siku mama alichoka, akasema niacheni tu na T1 yangu, na umeme umeshashuka. Na alikuwa sahihi nusu. Nilimkalisha nikampigia hesabu ambayo nadhani kila anayekimbilia fomu aipige kwanza. Tulikuwa tunanunua uniti 148 kwa 356, hiyo ni kama 52,700 kwa mwezi. Tukishuka uniti 70 tukiwa bado T1, bila barua ya mtu yeyote, tunalipa 24,900. Hapo tumeshaokoa karibu elfu 28. D1 ikija, uniti 70 zile zile ni 8,540, tunaokoa elfu 16 zingine. Kwaiyo sehemu kubwa zaidi ya nafuu ilitoka kwenye mpira wa elfu 35 na balbu, sehemu ndogo ndo inatoka ofisini. Ila elfu 16 kila mwezi kwa mama anayeuza vitumbua siyo kitu cha kuacha mezani, na akakubali tuendelee.

Agosti tukarudi. Safari hii nimebeba bahasha, ndani kuna nakala za NIDA, barua ya mtaa, barua ya mirathi, kiapo, risiti za manunuzi ya miezi mitatu na daftari la mjukuu ingawa hakuna aliyeliomba. Dada wa dirishani alikuwa yule yule. Akafungua akaona 74, 71, 69, akamuangalia mama akasema mama hongera, mmefanyaje? Mama akaanza kumueleza habari ya noti na mlango wa friji, foleni yote nyuma inasikiliza, mzee mmoja akauliza noti ya shilingi ngapi. Tukajaza fomu mbili, ya jina na ya tarifu. Baada ya siku kadhaa nikajaribu kununua ya 9,150, na hapa nikashtuka kidogo, uniti zikaja 62 na siyo 75.

Nikajua tumekosea, kumbe hapana. Ni kodi ya jengo, 1,500 kwa mwezi kwa nyumba ya kawaida, inakatwa humo humo kwenye LUKU kwenye manunuzi ya kwanza ya mwezi. Kwaiyo ukitaka uniti 75 kamili nunua kwa 10,650. Na hilo nalo lina mlango wake, kwasababu wazee wa miaka 60 na kuendelea wana msamaha wa kodi hiyo kwa nyumba moja wanayoishi wenyewe, lakini msamaha haukufuati nyumbani, lazima uuombe na uonyeshe vielelezo. Bahasha ninayo tayari, hati ya kiapo ipo, jina limeshanyooka, kwaiyo hii ya pili imekuwa rahisi, tumeshapeleka tunasubiri.

Desemba iliyopita joto likarudi kama kawaida yake, wajukuu wamefunga shule wako nyumbani kutwa, friji linafunguliwa kila dakika, feni mbili usiku na mchana. Tukafika 79. Mama akapata wasiwasi kwamba atafukuzwa D1. Nikamuonyesha, zile nne zilizozidi kila moja ni 427, jumla 1,708, mwezi mzima umekuwa 10,858 ukiacha ile kodi. T1 uniti 79 zingekuwa zaidi ya elfu 28. Kuvuka siku moja moja kwa joto la kaskazi siyo mwisho wa dunia, ila ukivuka mfululizo miezi na miezi unarudishwa ulikotoka, na hiyo ni haki maana ile bei iliwekwa kwa ajili ya mwenye matumizi madogo kweli.

Mjukuu bado anaandika kwenye daftari, sa hivi kila Jumapili tu. Jirani naye friji lake limepimwa kwa noti, na la mzee wa msikitini, na mama ndo anayezunguka kupima, mi siko.

Wiki iliyopita dada akapiga kutoka Columbus, theluji imejaa nje anasema, akamwambia mama nakutumia elfu 40 ya umeme. Nilikuwa pembeni. Mama akamwambia mwanangu Mungu akubariki, lakini umeme wa mwezi huu nimeshanunua, ukitaka kutuma tuma ya unga wa vitumbua.